Faili Kutoka Chumba cha Chishimba

Watu hudhani mambo ya kutisha hungoja giza. Haya ya mtaa wa Kamalondo hayakungoja. Yalikuja mchana kweupe, majirani wakitwanga sombe, majani ya muhogo, watoto wakirudi kutoka shule, na mawingu ya mvua yakijikusanya juu ya mji kama kawaida ya msimu. Basi usijipe moyo eti kwa sababu jua liko nje.

Marceline alikuwa dirishani kwake siku hiyo, anashona sare za kwaya. Wapita njia walimsalimu bila kusimama, naye aliwajibu bila kuinua kichwa. "Jambo, Mama Mwila." "Jambo, mwanangu." Mtaa mzima ulimwita hivyo, kwa jina la mume. Aliyemwita Marceline alikuwa mtu mmoja tu, na mtu huyo alikwisha kuzikwa.

Kando ya cherehani, juu ya meza yenye kitambaa cha kufuma, palikuwa na kompyuta ya zamani, nene, iliyopauka kama meno ya mvuta tumbaku. Humo ndimo ulimobaki uhai wote wa nyumba ile. Ba Mwila, mume wake, alikuwa mwalimu wa kwaya, na alikuwa na programu ya kurekodia nyimbo za kufundishia. Yeye alikuwa mwimbaji wa tenor, basi aliimba sauti yake, kisha akasema, "Besi, ingia," na kunyamaza, ili mwimbaji wa besi aliyekaa mbele ya kompyuta ajaze pengo. Kisha, "Alto," akanyamaza. Kisha, "Soprano." Nyimbo zake zote zilikuwa na matundu namna hiyo.

Alipofariki aliacha cherehani, mjane na nyimbo hizo. Watoto Mungu hakuwapa. Sura yake ilikuwapo ukutani, kwenye picha ya ndoa, lakini picha haisemi, na Ba Mwila alikuwa mtu wa kukimbia kamera za simu. Kwa hiyo kila alasiri Marceline aliwasha kompyuta, akasikiliza mume wake akiimba, na yule bwana aliposema "Alto", yeye alijaza tundu lake huku mguu ukiendelea kukanyaga cherehani. Wako waliomhurumia. Wako pia waliomcheka chinichini, maana binadamu hakosi la kucheka: eti mama yule anaimba na chuma.

Siku hiyo umeme ulikatika, kisha ukarudi kwa kishindo hata taa ya ukumbini ikapasuka. Kompyuta iliwaka vizuri. Marceline akabofya programu ya nyimbo. Badala ya kufunguka, pakatokea kisanduku cheupe na maneno ya Kifaransa: programu haiwezi kuanza, kuna faili linakosekana. Chini yake jina refu, mchanganyiko wa herufi na tarakimu.

Akafunga. Akabofya tena. Kisanduku kilekile.

Usiniulize alibofya mara ngapi. Alibofya mpaka kidole kikamuuma, akaacha sare za watu juu ya cherehani na kwenda kumwita Lévi.

Lévi alikuwa fundi wa kompyuta wa mtaa wa pili, mtu mpole, mke wake Joséphine akiimba soprano katika kwaya ileile. Alikaa, akatazama, akakuna kidevu.

"Mama Mwila, usilie. Machine haijakufa. Na nyimbo za ba mukubwa ziko, minaziona hapa. Iko paka kintu moja tu imeharibika."

"Kintu gani? Nilipe, ununue."

"Haiuzwe, mama. Ona: mu hii parcelle yenu, huu uwanja, kila nyumba iko na kinu yake?"

"Hapana. Kinu ni kimoja, kiko kwa mama Marthe. Wote tunaazima."

"Njo vile na machine. Programu haibebe kila kintu. Kuna bintu binakaa pa étagère moja, rafu ya wote, kila programu inakuya kuazima pale. Sasa kinu ya kutwangia sauti ilipasuka wakati courant ilirudi. Programu inafika, inakuta kinu hakuna, inakataa kupika."

Marceline akavuta pumzi. Kinu anakijua. Kinu kikipasuka kinaletwa kingine.

"Basi leta kingine."

Lévi akatikisa kichwa. "Kingine kitoke pa disque ya programu yenyewe. Iko na rafiki yangu wa Likasi, atanitumia. Ngoja, mama. Bantu wengine bataku­ambia: kopia paka ile fichier, ile faili, toka ku machine ingine, weka, imeisha. Usikubali. Kinu ya kuokota, haujue ilitwanga nini."

Akamwonyesha mahali faili lilipopaswa kukaa, akaaga. Marceline akachukua chaki yake ya kushonea, akaandika jina la faili juu ya kipande cha kitambaa, herufi kwa herufi. Kwa nini aliandika, yeye mwenyewe hakujua bado.

Alingoja. Rafiki wa Likasi alikuwa safarini. Nyumba ikawa kimya, na kimya kina meno, jamani, kwa mtu anayeishi peke yake. Alasiri moja, akipiga pasi, Marceline alijaribu kukumbuka jinsi mume wake alivyotamka neno "ingia", na halikuja. Lilikuja kwa sauti yake mwenyewe. Akaweka pasi chini, akakaa sakafuni, akaogopa kuliko alivyoogopa siku ya mazishi.

Wiki ileile Chishimba akafa.

Chishimba ndiye aliyekuwa besi wa kwaya, mtu mnene wa sauti ya chini kama ngoma kubwa, akiishi Karavia katika nyumba ya dada yake Daniella. Ba Mwila ndiye aliyemwekea programu ileile kwenye kompyuta yake, ili ajifunze nyumbani. Marceline alikumbuka hilo akiwa amekaa kwenye mkeka wa kilio, katikati ya wanawake waliokuwa wakiimba. Na kitambaa cha chaki kilikuwa kwenye mkoba wake, pamoja na clé ya marehemu mume wake, kile kidude kidogo cha kubebea mafaili. Sasa wewe niambie, nani huenda kilioni na vitu hivyo kwa bahati?

Chumba cha Chishimba kilikuwa kimefungwa, kitambaa cheusi kikiwa kwenye kitasa. Daniella alikuwa amekwisha kuwatangazia wote: "Hakuna muntu wa kuingia mule mpaka famille ikae, igawe bintu yake. Tafazali."

Marceline alisema anakwenda msalani. Aliupita mlango wa msalani. Akafungua kitambaa cheusi, akaingia.

Ndani palinuka mafuta ya kupaka na nguo za mtu. Kompyuta ilikuwa juu ya meza, mbele ya kiti chenye mto. Alipobonyeza, iliwaka papo hapo, bila ule mngojo wa mashine za zamani. Faili lilikuwapo, jina lilelile, herufi kwa herufi. Akalinakili.

"Kunakili si kuiba," alijisemea kwa kunong'ona. "Ninachukua, na chenyewe kinabaki. Hapunguzwi mtu."

Alipochomoa clé, aliutazama ule mto wa kiti. Ulikuwa umebonyea katikati. Sasa ulikuwa unainuka polepole, kama unavyoinuka mto mtu mzito akisimama. Marceline akatoka, akafunga kitambaa vilevile alivyokikuta, akarudi mkekani na kuimba pamoja na wengine.

Nyumbani aliliweka faili mahali alipoonyeshwa. Akabofya.

Programu ikafunguka.

"Ba Mwila," alisema, machozi yakimtoka. Na Ba Mwila akaimba. Sauti ileile, na kikohozi kidogo kilekile kabla ya ubeti wa pili. Marceline alikumbatia kompyuta kama mtoto. Kisha mume wake akasema, "Besi, ingia," na akanyamaza.

Katika kimya kile mtu alivuta pumzi.

Marceline akadhani ni feni. Kompyuta za zamani zina kelele zake. Lakini kesho yake, mahali palepale, besi iliingia. Ya chini, tamu, isiyokosea. Ilikuwa sauti aliyoijua miaka mingi kutoka safu ya nyuma ya kanisa.

Labda waliwahi kurekodi pamoja, aliwaza. Labda faili lile lilikuja na vipande vya Chishimba. Akafungua wimbo mwingine, wa mwisho kabisa, ambao Ba Mwila aliutunga akiwa mgonjwa na hakuwahi kumfundisha mtu. "Besi, ingia." Besi ikaingia, ikakosea noti, ikakatika. Ikaanza upya, polepole, kama mwanafunzi anayetafuta njia.

Ilikuwa inajifunza.

Na hapa pana aibu, nitaisema tu: hakuzima. Aliketi akasikiliza. Nyumba iliyokuwa na sauti moja sasa ilikuwa na mbili, na yeye wa tatu, na mpweke hachagui wageni. Kwa siku kadhaa waliimba hivyo, mvua ikipiga bati. Alipika bukari, ugali wa kwao, nyingi kuliko tumbo lake, akacheka peke yake kwa kosa hilo.

Lakini étagère ni ya wote, Lévi alisema. Kila programu huja kuazima kinu palepale. Alipofungua mchezo wa karata, chini ya mlio wa karata palikuwa na mtu anayeguna. Alipofungua usomaji wa Zaburi, msomaji aliposimama kati ya aya, mtu aliguna. Hata ule mlio mfupi wa kompyuta inapoamka ulikuja na pumzi nyuma yake. Na kadiri besi ilivyonona, ndivyo sauti ya Ba Mwila ilivyokonda. Alianza kuinama ili amsikie.

Ndipo siku moja "Besi, ingia" ilipopita, na besi haikuimba. Ilinong'ona.

"Nani alifungula..."

Marceline akang'oa waya ukutani. Kioo kikazima. Feni ikasimama.

"...mulango yangu?" ikamalizia kompyuta iliyozimwa.

Alikimbia bila viatu mpaka barabarani, akasimamisha taksi, akaenda Karavia. Aliikuta familia imekaa uani, vitu vya Chishimba vikiwa juu ya mikeka: suti, viatu, redio. Alipiga magoti mbele ya Daniella na kusema yote. Kisha akaweka clé juu ya mkeka.

Daniella hakuigusa. Alikuwa mwanamke mtu mzima, mkavu, asiye na maneno ya ziada.

"Mama Mwila. Ulitoa kintu mu chumba kabla yetu?"

"Nilikopia tu, mama. Sikupunguza kintu."

"Kwetu, kintu ya kwanza yenye kutoka mu chumba ya marehemu, anatoka nayo. Njo maana tunamupa ndugu yake, tunasema maneno, anatulia. Leo tumegawa hizi nguo zote." Aliangalia mikeka. "Nilikuwa najiuliza juu ya nini ziko nyepesi."

Daniella akainuka, akaenda chumbani, akarudi na ile kompyuta mikononi, akaigeuza. Upande mmoja haukuwa na kifuniko. Ndani mlikuwa na vumbi, na mende mmoja aliyekauka.

"Ilipasuka tangu mwaka jana. Bintu ya ndani yote, Chishimba mwenyewe alitoa, akauzisha. Alibakiza sanduku tu. Ulikopia nini, mama? Ulikopia wapi?"

Marceline akaisukuma clé karibu naye.

"Iyi clé siwezi kuipokea," Daniella alisema, kwa upole sasa. "Hakuna kwenye ilitoka. Nitairudisha wapi?"

Alirudi Kamalondo na clé yake. Mlangoni alimkuta Lévi amekaa kwenye ngazi, disque ya Likasi mkononi, anatabasamu. Tabasamu lilikwisha alipoambiwa.

"Yangu mama. Nilikuambia ngoja."

"Nilisahau sauti yake, Lévi. Nilikuwa nimeisahau."

Lévi akaketi mbele ya kompyuta. Hakuwa mtu wa kuamini mambo ya pumzi, na kazi yake aliijua. Alitoa programu nzima. Akaiamuru kompyuta ijikague yenyewe, ipitie étagère yote na kurudisha kila kilichoharibika kwa kile kilicho halali. Kisha akalitafuta faili la kilioni, alifute kwa mkono wake.

Halikuwapo. Akatafuta kwa jina, akatafuta kwa tarehe, akasoma kitambaa cha chaki na kuandika tena. Kompyuta ikajibu kuwa faili hilo halipo na halijawahi kuwekwa.

"Sasa programu ilikuwa inafungukaje?" aliuliza. Akasakinisha disque ya Likasi tangu mwanzo, kila kitu mahali pake.

"Tayari, mama. Iko safi. Jaribu."

Mvua ilikuwa imeanza. Marceline akabofya. Ba Mwila akaimba ule wimbo wa mwisho, kwa sauti kamili, nono, kama zamani, na kikohozi chake. "Besi, ingia." Kimya. Kimya kitupu, cha kweli. Lévi akapumua. Marceline akalia kwa furaha, mikono usoni.

Kisha Ba Mwila akasema, "Vizuri sana, Chishimba."

Lévi akaruka, kiti kikaanguka.

"Alto," sauti ikasema. Kimya. "Alto... Marceline, unachelewa."

Maneno hayo hayakuwamo. Marceline aliujua wimbo ule kama anavyojua mshono wake, na hayakuwahi kuwamo.

"Toka, mama! Tutoke!" Lévi alimshika mkono.

Akautoa mkono wake, taratibu. "Ameniita kwa jina," alisema. "Lévi, tangu azikwe, hakuna muntu ameniita kwa jina langu."

Akavuta kiti, akakaa, akafungua kinywa. Alto ikasikika, safi, ikajaza chumba. Lévi alimtazama. Midomo ilikuwa inacheza. Koo lilikuwa linacheza. Lakini sauti haikutoka hapo. Ilitoka kwenye spika.

Aliimba wimbo wote. Ulipokwisha aligeuka ili amwambie Lévi neno, uso wake umejaa nuru, na halikutoka neno. Akajaribu tena. Akashika shingo yake. Pumzi tu, kavu, kama upepo chini ya mlango.

Alisema kunakili si kuiba, chenyewe kinabaki. Kweli. Ila huku hakukuwa kunakili. Kilichotoka kwake hakikubaki.

Madaktari waliangalia koo lake na kusema ni zima. Dada yake alikuja kumchukua, akaenda naye Mitwaba. Huko anashona, anasalimia kwa kichwa. Lévi ndiye aliyeshauri kompyuta ibaki kwake, labda siku moja ataweza kuitoa ile sauti na kumrudishia mwenyewe. Kwa hiyo Marceline aliondoka bila sauti ya mumewe na bila sauti yake. Inasemekana alasiri, mvua ikianza kupiga bati, husimamisha cherehani, anakaa na kinywa wazi kidogo, anangoja.

Lévi aliiwasha mara moja tu, mchana, karakana ikiwa wazi na watu wakipita. Programu haikufunguka. Kikatokea kisanduku cheupe: programu haiwezi kuanza, kuna faili linakosekana. Chini yake, pale ambapo huwa pana herufi na tarakimu, palikuwa pameandikwa neno moja: soprano.

Akachomoa waya. Akafunika kompyuta kwa gunia, akaenda nyumbani kabla ya saa ya kufunga kazi. Joséphine alikuwa uani, anapuliza mbabula, jiko la makaa, anaimba kwa sauti ndogo. Lévi akasimama mlangoni. Aliujua wimbo ule. Ni ule wa mwisho, ambao Ba Mwila hakumfundisha mtu.

"Nani alikufundisha hiyo?"

"Ah, sijue, papa," Joséphine akasema, akacheka. "Nimeamuka nayo."

Akageuza makaa, akaendelea kuimba.